Bwana Arturo Schomburg, Karani Aliyekusanya Historia ya Watu Weusi

Na Mwanafunzi wa Kidato cha Nne

Ni desturi ya gazeti letu kuandika kila muhula maisha ya mtu mmoja mashuhuri aliyekwisha fariki zamani. Wenzangu walionitangulia wamewasimulieni habari za majemadari, marais na wavumbuzi. Mimi muhula huu nimemchagua karani. Hakuwa na jeshi, hakuwa na shahada, wala hakuwa tajiri. Kwa muda wa zaidi ya miaka ishirini alifanya kazi ya barua katika benki moja ya New York, nchini Marekani. Lakini alipokufa mwaka 1938 aliacha hazina ambayo wafalme wengi hawakuacha.

Jina lake ni Arturo Alfonso Schomburg. Habari zake nilizipata katika kitabu alichoniazima mwalimu wetu wa historia, nami nilikisoma bwenini mpaka kengele ya kuzima taa. Mwishoni nitaeleza kwa nini habari hizo ziliniondolea usingizi hata baada ya taa kuzimwa. Kwanza tumtazame mwenyewe.

Bwana Schomburg alizaliwa tarehe 24 Januari 1874, mahali paitwapo Santurce, katika San Juan, mji mkuu wa Puerto Rico. Puerto Rico ni kisiwa cha bahari ya Karibi, na wakati ule kilitawaliwa na Hispania. Mama yake, Mary Joseph, alikuwa mwanamke Mweusi, mkunga, aliyetoka kisiwa cha St. Croix. Baba yake alikuwa wa ukoo wa Kijerumani, na ndiyo sababu mtoto alipata jina hilo. Utumwa ulifutwa katika Puerto Rico mwaka 1873, yaani mwaka mmoja tu kabla hajazaliwa. Basi baadhi ya watu wazima aliopishana nao njiani katika utoto wake walikuwa wamepata kuuzwa na kununuliwa kama ng'ombe.

Yasimuliwa kwamba alipokuwa mtoto shuleni, mwalimu wake mmoja alisema kwamba watu Weusi hawana historia, hawana mashujaa, wala hawajapata kufanya jambo kubwa hapa duniani. Mtoto Arturo hakuwa na la kujibu. Moyoni alijua kwamba neno lile si kweli, lakini hakuwa na kitabu cha kumwonyesha mwalimu, wala jina la kumtajia. Mtoto mwingine angalilia. Mwingine angaliamini, akakua akijidharau. Yeye alilishika neno lile kama mtu ashikavyo deni, akasema moyoni kwamba siku moja atalilipa.

Mwezi wa Aprili 1891 alipanda meli akaenda New York. Alikuwa na umri wa miaka 17, sawa na mimi ninayeandika haya na wengi wenu mnaosoma. Hakuwa na fedha nyingi. Alifanya kazi za mikono za namna nyingi, kama vile kuendesha lifti na kubeba mizigo, na jioni akasoma shule ya usiku. Wakati huo huo alijiunga na watu wa Kuba na Puerto Rico waliokuwa wakipigania uhuru wa visiwa vyao kutoka Hispania, na mwaka 1892 alikuwa mmoja wa waliounda chama kiitwacho Las Dos Antillas, ambacho yeye alikuwa mwandishi wake. Vita vya mwaka 1898 vilipokwisha, Hispania ilipoteza visiwa hivyo, lakini Puerto Rico haikupata uhuru. Ilitwaliwa na Marekani. Chama kikafa. Hapo Bwana Schomburg aliigeuza nguvu yake yote kuelekea lile deni la zamani, yaani historia ya Watu Weusi.

Alifanya kazi katika ofisi ya wanasheria, akatamani sana kuwa mwanasheria. Lakini hakuweza kuonyesha vyeti vya masomo aliyosoma utotoni, na mlango ule ukafungwa. Sisi wa kidato cha nne, ambao tunangoja mtihani wa taifa na kuota cheti usiku na mchana, tunaweza kujua uchungu wake. Mwaka 1906 aliingia katika benki iitwayo Bankers Trust, akawa karani wa barua, na baadaye mkubwa wa sehemu ya barua. Alidumu huko mpaka mwaka 1929.

Katika mambo ya nyumbani alipata misiba. Mke wake wa kwanza alifariki akiwa bado kijana, na aliyemfuata pia alifariki. Alioa mara tatu, na ni ajabu kwamba wake zake wote waliitwa Elizabeth. Hata katika kuwapa watoto majina hakusahau historia. Mmoja alimwita Máximo Gómez, jina la jemadari wa vita vya uhuru wa Kuba. Mwingine alimpa jina la Guarionex, aliyekuwa mtemi wa wenyeji wa visiwa vile kabla na baada ya kufika Wahispania.

Sasa tuseme juu ya kazi iliyomfanya akumbukwe. Kila mshahara ulipopatikana, sehemu yake ilikwenda kununua vitabu. Si vitabu vya namna yo yote, bali vile vilivyoandikwa na Watu Weusi, au vilivyoeleza habari zao, katika nchi zote na lugha zote. Alinunua pia picha, barua za mkono, vijitabu na magazeti ya kale. Alipita katika maduka ya vitabu vikuukuu. Aliwaandikia wauzaji wa nchi za mbali. Marafiki waliosafiri aliwaagiza watazame huku na huku. Kihispania kilikuwa lugha ya utotoni mwake, na hicho kilimfungulia milango ambayo Wamarekani wengi hawakuiona. Haba na haba hujaza kibaba, na kibaba chake kiligeuka kuwa ghala. Nyumba yake ya Brooklyn ilijaa vitabu na picha, ikawa kama makumbusho ya mtu mmoja. Wanafunzi, waandishi na wataalamu walikwenda kubisha hodi ili wasome vitu ambavyo ilikuwa shida kuvipata mahali pengine.

Huenda msomaji akauliza, je, vitu hivyo vilikuwa na maana gani? Nitataja vinne.

Kimoja ni kitabu cha mashairi kilichopigwa chapa mwaka 1573 katika nchi ya Hispania. Aliyekitunga ni Juan Latino, Mtu Mweusi aliyepata kuwa mtumwa, naye akawa mwalimu mkubwa wa Kilatini katika mji wa Granada. Aliandika kwa Kilatini, lugha ya wasomi wa Ulaya nzima.

Cha pili ni mashairi ya Phillis Wheatley. Binti huyu aliibwa Afrika Magharibi akiwa mtoto mdogo, akauzwa Boston mwaka 1761. Kitabu chake kilipigwa chapa London mwaka 1773, naye angali mtumwa. Watu hawakusadiki kwamba msichana Mweusi aweza kutunga mashairi, hata ikalazimu wakubwa 18 wa mji wa Boston watie majina yao kuthibitisha kwamba ni yeye kweli aliyeyatunga. Hati hiyo ya uthibitisho ilitiwa ndani ya kitabu, na ipo hata leo.

Cha tatu ni almanaka za Benjamin Banneker. Huyu alizaliwa mwaka 1731 katika Maryland, akiwa mtu huru, akajifunza mwenyewe elimu ya nyota. Alipiga hesabu za jua, mwezi na nyota, akatoa almanaka ya mwaka 1792. Kabla ya hapo, mwaka 1791, alimpelekea Thomas Jefferson nakala ya mkono pamoja na barua, akimkumbusha kwamba watu wote wameumbwa sawa.

Cha nne ni hati za Toussaint Louverture, ambaye alikuwa mtumwa, kisha akawa jemadari wa watumwa wa Haiti walioasi mwaka 1791. Yeye mwenyewe alikufa kifungoni Ufaransa mwaka 1803, lakini mwaka uliofuata nchi yake ilitangaza uhuru.

Basi tazameni. Yule mwalimu wa Puerto Rico alisema kwamba hakuna mashujaa, na vitu hivi vinne peke yake vyatosha kumnyamazisha. Bwana Schomburg hakupenda kubishana kwa maneno matupu. Aliona kwamba mtu akikudharau, na wewe ukampigia kelele, mtabaki mnapigiana kelele. Lakini ukimwekea mbele yake kitabu chenye jina na mwaka, hapana budi asome au afumbe macho. Wala hakutaka watu Weusi wajisifu kwa mambo ya kubuni. Aliwaonya kwamba uongo wa kujitukuza hauponyi uongo wa kudharauliwa. Alitaka ushahidi.

Hakufanya kazi hiyo peke yake. Mwaka 1911 yeye na mwandishi John Edward Bruce waliunda chama cha kutafiti historia ya Watu Weusi. Mwaka 1914 alikaribishwa katika American Negro Academy, chama cha wasomi Weusi wa Marekani, na mwaka 1920 akachaguliwa kuwa rais wake. Karani asiye na shahada akawaongoza watu wenye shahada! Mwaka 1925 aliandika makala iliyojulikana sana, akieleza kwamba Mtu Mweusi wa Marekani hana budi kuifukua historia yake ili aweze kujenga maisha yake ya mbele.

Wakati huo mtaa wa Harlem, katika New York, ulikuwa umejaa waandishi, waimbaji na wachoraji Weusi. Katika njia ya 135 palikuwa na maktaba ya watu wote, na mwaka 1925 ilifunguliwa humo sehemu maalumu ya vitabu na picha za Watu Weusi. Mwaka 1926 Shirika la Carnegie lilitoa dola 10,000, mkusanyo wa Bwana Schomburg ukanunuliwa na kutiwa katika maktaba ile. Vilikuwa vitabu zaidi ya 5,000, hati za mkono 3,000, picha za kuchongwa 2,000, na vijitabu maelfu kadhaa.

Nilipofika hapa nilisita. Nilijiuliza, mtu aliyekusanya kwa upendo namna hiyo, mbona aliuza? Nilifikiri sana, nikaona kwamba alifanya vyema. Nyumba yaweza kuungua. Mwenye nyumba hana budi kufa, na warithi waweza kugawana vitabu au kuviuza kimoja kimoja. Tena nyumba ya mtu ina mlango, na si kila mtoto maskini wa Harlem angaliweza kwenda Brooklyn kubisha hodi. Katika maktaba ya watu wote, mtoto ye yote aliweza kuingia, kuketi, na kusoma habari za Banneker bila kutoa senti moja. Ikiwa deni lake lilianzia kwa mtoto mmoja aliyekosa kitabu cha kumwonyesha mwalimu, basi malipo yake yalikuwa kuhakikisha kwamba watoto wengine hawatakikosa.

Na zile fedha je? Mwaka ule ule wa 1926 alisafiri kwenda Ulaya, akatafuta vitu zaidi. Alikwenda Hispania, Ufaransa, Ujerumani na Uingereza. Katika Seville alifunua hati za zamani za utawala wa Kihispania. Katika Madrid alikwenda kutafuta picha ya Juan de Pareja, Mtu Mweusi aliyekuwa mtumwa wa mchoraji mashuhuri Velázquez. Pareja alipata uhuru wake, akawa mchoraji kwa haki yake mwenyewe. Picha yake kubwa aliichora mwaka 1661, akajichora mwenyewe akisimama upande mmoja, ameshika karatasi yenye jina lake. Bwana Schomburg alivuka bahari ili aitazame picha ile kwa macho yake, akaandika habari zake. Mwaka 2023 jumba la makumbusho la Metropolitan la New York liliweka maonyesho juu ya Pareja, na likamtaja Schomburg kuwa ndiye aliyewatangulia wengine katika njia hiyo.

Alipostaafu kazi ya benki, Chuo Kikuu cha Fisk katika Nashville kilimwita awe mtunzaji wa vitabu vyake vya historia ya Watu Weusi, naye akakaa huko mwaka 1931 na 1932. Kisha alirudi New York akawa mtunzaji katika maktaba ile ile ya Harlem, katikati ya vitabu alivyovinunua kwa mshahara wake. Aliifanya kazi hiyo mpaka alipofariki, mwezi wa Juni 1938, akiwa na umri wa miaka 64. Mwaka 1940 mkusanyo ule ulipewa jina lake. Tangu mwaka 1972 waitwa Schomburg Center, na mwaka 1980 ulipata jengo jipya. Leo una vitu zaidi ya milioni 11. Chini ya sakafu ya ukumbi wake pamezikwa majivu ya mshairi Langston Hughes.

Sasa nitimize ahadi yangu, nieleze kwa nini sikulala.

Baba yake babu yangu alikuwa karani katika shamba la mkonge mkoani Tanga, zamani za ukoloni. Humo walikuwamo manamba walioletwa kutoka mbali, wengi wao hawakujua kusoma. Jioni walimjia awaandikie barua za kwenda kwao. Naye alikuwa na daftari. Kila barua aliyoandika alitia humo jina la mtu, kijiji chake, tarehe, na kwa ufupi maneno aliyotuma: fulani anawasalimu, fulani ametuma shilingi kumi, fulani asema mtoto akizaliwa aitwe jina la babu yake. Daftari hilo babu yangu alilirithi, akalihifadhi katika sanduku la bati chini ya kitanda.

Nilipokuwa na umri wa miaka tisa nilitaka karatasi za kutengenezea tiara. Nilifungua sanduku, nikaona daftari kuukuu lenye maandishi yaliyofifia, nikadhani ni takataka. Nikachana karatasi za nusu ya kwanza. Tiara yangu iliruka vizuri, kisha ikanaswa juu ya mwembe, mvua ikainyeshea.

Miaka mitatu baadaye alikuja mzee mmoja kutoka Kigoma. Baba yake aliondoka kwenda mkonge mwaka 1952 na hakurudi tena. Mzee huyo alikuwa amesikia kwamba kwetu kuna daftari. Babu alilitoa, akavaa miwani, wakapekua pamoja kuanzia asubuhi hata adhuhuri. Jina halikuonekana. Labda lilikuwa katika karatasi zangu za tiara, labda halikupata kuandikwa. Hakuna mtu awezaye kujua. Mzee alishukuru, akanywa chai, akaondoka. Babu hakunisema mbele ya mgeni, wala hakunisema baada ya mgeni kwenda. Alilifunga daftari kwa kitambaa, akalirudisha mahali pake. Ningependa zaidi angalinichapa.

Wahenga walisema, mali bila daftari hupotea bila habari. Nilikuwa nimeufahamu msemo huo kuwa wa wafanya biashara. Kwa kuyasoma maisha ya Bwana Schomburg nimetambua kwamba hata watu hupotea bila habari. Yule mwalimu wa Puerto Rico hakuwa peke yake katika kuifuta historia ya Watu Weusi. Kila achomaye karatasi za mzee wake bila kuzisoma humsaidia, ajapokuwa hakukusudia. Mimi nilimsaidia nikiwa na miaka tisa.

Likizo iliyopita nilimwomba babu ruhusa, nikaketi naye kibarazani, nikanakili nusu ya daftari iliyobaki. Ni majina 214. Palipofifia babu alinisomea, kwa kuwa aliujua mwandiko wa baba yake. Nakala moja nimeileta hapa shuleni. Mwalimu mkuu ametupa kabati moja la maktaba, na chama chetu cha historia kimelipaka mafuta ya kuzuia mchwa.

Kwa hiyo nawaombeni, wazazi wetu na wanafunzi wenzangu. Mkifika nyumbani fungueni masanduku. Barua za zamani, picha, kadi za vyama, stakabadhi za kodi, vitambulisho vya kazi, msivitupe kabla hamjamwuliza mkubwa wa nyumba ni vya nani na vya mwaka gani. Yaandikeni majibu yake. Kama hamtaki kuachana navyo, nakili mzilete. Kabati letu lina rafu nne, na mpaka sasa ni rafu moja tu yenye kitu. Bwana Schomburg naye alianza na kitabu kimoja.